Masonara wa Eregion: Ufundi Ukikosa Busara



Likizo iliyopita tulipokuwa parokiani kwa mazoezi ya kichungaji, vijana wa VIWAWA walituuliza swali ambalo hatukulitegemea. "Frateri, zile sinema za pete, Mkatoliki anaruhusiwa kuzitazama? Si ni mambo ya uchawi na vyama vya siri?" Jibu letu siku ile lilikuwa fupi, na tuliona nyusoni mwao kwamba halikuwaridhisha. Tuliporudi seminarini tulivichukua vitabu vyenyewe maktabani tukavisoma. Makala hii ni jibu ambalo tungependa kuwa tumelitoa siku ile.

Hatutaisimulia hadithi yote. Tutachukua sehemu moja tu: habari za kundi la mafundi waliozitengeneza hizo pete. Ni habari inayomhusu kila mtu mwenye ujuzi mikononi au kichwani, na kwa sababu hiyo inatuhusu hata sisi tunaosoma falsafa.

1. Mwandishi alikuwa nani?

J.R.R. Tolkien alizaliwa tarehe 3 Januari 1892 katika mji wa Bloemfontein, katika nchi ambayo leo ni Afrika Kusini. Alipokuwa na miaka mitatu mama yake alimpeleka Uingereza, na baba yake aliyebaki nyuma akafariki mwaka 1896. Mama huyo, Mabel, alipokelewa katika Kanisa Katoliki mwaka 1900, na kwa ajili hiyo ndugu zake wengi walimnyima msaada. Alifariki mwaka 1904, akiwaacha wanawe wawili chini ya ulezi wa padre mmoja wa Oratorio ya Birmingham, Padre Francis Morgan. Tolkien alikua akiamini kwamba mama yake aliilipia imani kwa maisha yake. Yeye mwenyewe alibaki Mkatoliki hadi kufa kwake mwaka 1973, na mwanawe wa kwanza, John, alikuwa padre.

Kwa hiyo tuseme wazi: hakuwa mtu wa chama cha siri. Alikuwa mwalimu wa lugha katika Chuo Kikuu cha Oxford, baba wa watoto wanne, na mtu wa Misa. Kitabu chake kikubwa, The Lord of the Rings, kilitolewa katika majuzuu matatu mwaka 1954 na 1955. Kingine, The Silmarillion, kilitolewa na mwanawe Christopher mwaka 1977. Katika barua aliyomwandikia rafiki yake Mjesuiti, Padre Robert Murray, mwaka 1953, Tolkien alieleza kwamba kazi yake ni ya kidini na ya Kikatoliki katika msingi wake, ingawa hakuna mahali ndani yake ambapo kanisa au altare inatajwa. Imani imeingia ndani ya hadithi kama chumvi inavyoingia katika mboga: huioni, lakini ukionja unajua ipo.

2. Undugu wa masonara

Katika ulimwengu huo wa kubuni kuna jamii mbalimbali. Wapo Waelfi, watu wazuri wasiokufa kwa uzee, wanaopenda nyimbo na kazi za mikono. Wapo Vibeti, watu wafupi wenye nguvu, wachimba madini na wachonga mawe. Wapo na wanadamu, ambao hufa kama sisi.

Mnamo mwaka 750 wa kile kinachoitwa Enzi ya Pili, kundi la Waelfi lilihamia nchi ya Eregion, karibu na milima ambamo Vibeti walikuwa na mji wao wa chini ya ardhi, Khazad-dûm. Kilichowavuta ni habari kwamba humo kumepatikana mithril, madini mepesi yanayong'aa kama fedha na magumu kuliko chuma. Hapo ndipo ulipoanzishwa undugu wa mafundi ulioitwa Gwaith-i-Mírdain, yaani watu wa masonara. Kiongozi wao alikuwa Celebrimbor, mjukuu wa Fëanor, fundi mkubwa kuliko wote waliowahi kuwapo kati ya Waelfi. Inasimuliwa kwamba masonara hao walimpita kila fundi mwingine, isipokuwa huyo Fëanor peke yake.

Mwanzo wao ulikuwa mwema. Katika ulimwengu ambamo Waelfi na Vibeti hutazamana kwa mashaka, hawa waliishi kama majirani. Ushahidi ni mlango wa magharibi wa Khazad-dûm. Kibeti aitwaye Narvi aliutengeneza mlango wenyewe, na Celebrimbor akachora alama zake. Neno la kuufungua lilikuwa "rafiki". Ni kweli kwamba ulipofungwa haukuonekana, lakini haukukusudiwa kuwa siri ya Vibeti peke yao. Aliyekuja kwa urafiki alikuwa na ufunguo tayari mdomoni mwake.

Tuukumbuke mlango huo, maana ni kipimo cha mambo yatakayofuata. Ufundi ulipokuwa mzima, ulizaa urafiki.

3. Mgeni mwenye zawadi

Wahenga walisema: mgeni njoo, mwenyeji apone. Mnamo mwaka 1200 alikuja kwa Waelfi mgeni mwenye sura nzuri na maneno matamu, akijiita Annatar, Bwana wa Zawadi. Kumbe alikuwa Sauron, roho mwovu aliyejificha ndani ya umbo la kupendeza.

Alikwenda kwanza kwa nani, na nani alimkataa? Katika nchi ya Lindon, mfalme Gil-galad na Elrond hawakumjua ni nani, lakini hawakumwamini, wakakataa kumpokea. Tena walituma wajumbe kwa Waelfi wengine wawatahadharishe. Wachache waliwasikiliza. Masonara wa Eregion walimpokea kwa furaha, kwa sababu alikuwa na kitu walichokitaka kuliko vyote: ujuzi.

Chambo chake kilikuwa kizuri. Hakuwaambia, "Njooni tutawale dunia." Aliwauliza kwa nini nchi yao isiwe nzuri kama nchi ya baraka iliyoko ng'ambo ya bahari, ambako wangeweza kurudi lakini hawakutaka kurudi bado. Waelfi waliipenda dunia hii ya kati, na waliumia kuona kila kitu ndani yake kinachakaa na kupita huku wao wakibaki. Walitaka kuzuia kuchakaa. Sisi tunaomsoma Heraclitus darasani tunaelewa uchungu huo: mambo yote yanapita kama maji ya mto, na moyo unatamani angalau kitu kimoja kisimame.

Kufikia mwaka 1500 hivi, wakifundishwa naye, masonara walifika kilele cha ufundi wao wakaanza kutengeneza Pete za Uwezo. Mnamo mwaka 1590 Celebrimbor alizikamilisha Pete Tatu peke yake, bila mkono wa Sauron kuzigusa. Miaka kumi hivi baadaye Sauron, kwa siri, katika moto wa mlima wake, alitengeneza Pete Moja ya kuzitawala nyingine zote.

Hapo ndipo tunapoona tofauti ya walimu wawili. Fundi seremala anayetufundisha siku za kazi za mikono hapa seminarini hatufichi kitu. Anatuonyesha jinsi ya kunoa randa, jinsi ya kuchagua mbao, hata makosa aliyoyafanya ujanani. Anataka siku moja tuweze kufanya kazi bila yeye. Sauron alifundisha mengi kweli, na aliyoyafundisha yalifanya kazi. Lakini alibakiza jambo moja moyoni, na hilo moja ndilo lililokuwa shabaha ya mafundisho yote. Zawadi ya kweli humwacha mpokeaji huru. Zawadi yake ilikuwa kamba.

4. Kosa lilikuwa wapi?

Mtu anaweza kusema: masonara walidanganywa tu, wana kosa gani? Hapa Mtakatifu Tomaso wa Akwino anatusaidia. Akimfuata Aristotle, anatofautisha fadhila mbili za akili. Ufundi ni akili iliyonyooka kuhusu vitu vinavyotengenezwa. Busara ni akili iliyonyooka kuhusu mambo yanayotendwa, yaani jinsi mtu anavyoishi. Ufundi huifanya kazi iwe njema. Haumfanyi mfanyakazi awe mwema.

Tomaso anatoa kipimo cha ajabu kidogo. Fundi anayekosea kwa makusudi ni fundi bora kuliko anayekosea bila kutaka. Seremala akiupinda mguu wa kiti makusudi ili awaonyeshe wanafunzi kasoro, hatusemi hajui kazi. Lakini katika maisha ya maadili ni kinyume: anayetenda ubaya kwa makusudi ni mbaya kuliko anayeanguka kwa udhaifu. Hivyo hatuwezi kuutazama uzuri wa kazi ya mtu tukahitimisha kwamba moyo wake ni salama. Masonara walifanya kosa hilo mara mbili. Walimpima Annatar kwa ustadi wake, wakaona anastahili kuaminiwa. Kisha walijipima wenyewe kwa ustadi wao, wakaona wamekua, kumbe ni mikono tu iliyokua.

Ni kweli hawakujua mgeni ni nani. Ila wajumbe wa Lindon walikuja, na hawakusikilizwa. Kuna kutojua kunakotokana na kukosa nafasi ya kujua, na kuna kutojua kunakotokana na kutotaka kuulizwa maswali. Mafundisho ya maadili ya Kanisa yanazitofautisha hali hizo mbili, na ile ya pili haimwondolei mtu lawama yote.

Lipo na jambo la ndani zaidi. Hata zile Pete Tatu ambazo Sauron hakuzigusa, zilizotengenezwa kwa nia njema kabisa, zilifungwa chini ya Pete Moja. Kwa nini? Kwa sababu ufundi uliozitengeneza ulijifunzwa kwake. Nia njema ni lazima, lakini peke yake haitoshi kuisafisha njia iliyotiwa sumu.

5. Fundi mwingine na nyundo yake

Je, Tolkien anataka kusema kwamba ufundi ni hatari na afadhali tuukimbie? Hapana. Katika The Silmarillion kuna fundi mwingine, naye tunamweka mbele ya Celebrimbor kama kioo.

Aulë ni mmoja wa roho wakubwa waliotumwa na Ilúvatar, Mungu Mmoja, kuitunza dunia. Kazi yake ni uhunzi na ufundi wote. Alitamani sana kupata wanafunzi wa kuwafundisha, akashindwa kungoja wakati uliopangwa na Mungu. Akawatengeneza Mababa Saba wa Vibeti chini ya mlima, kwa siri, bila kuwaambia wenzake. Mungu akasema naye: kwa nini umejaribu jambo lililo juu ya uwezo wako? Viumbe hawa hawana uhai wao wenyewe. Wanatembea pale tu unapofikiri watembee.

Aulë hakujitetea sana wala kuificha kazi yake. Alikiri kwamba amekosa subira, akaeleza kwamba mtoto anayeiga kazi ya baba yake hafanyi hivyo kwa dharau. Kisha akaitoa kazi yote mikononi mwa Mungu, akainua nyundo ili aivunje, huku akilia. Vibeti wakajikunyata kwa hofu. Nao kujikunyata kwao kulikuwa ishara: Mungu alikuwa amekwisha kuwapa uhai wao wenyewe. Wangemwogopaje Aulë kama wangekuwa vinyago vyake tu? Kazi iliyotolewa ilirudishwa ikiwa hai. Msomaji wa Biblia atamkumbuka mara moja Abrahamu mlimani pamoja na Isaka, katika sura ya 22 ya kitabu cha Mwanzo.

Sauron naye mwanzoni alikuwa mtumishi wa Aulë. Walitoka katika karakana moja, wakatumia moto na nyundo zilezile. Mmoja alifungua mkono, mwingine akaufunga.

Mtakatifu Yohane Paulo II, katika barua yake kwa wasanii ya tarehe 4 Aprili 1999, alifundisha kwamba kuna tofauti kati ya Muumba na fundi. Muumba hutoa kitu pasipo chochote. Fundi huchukua kilichopo akakipa umbo na maana. Fundi ni mfano wa Mungu kweli, ila ni mfano. Akikumbuka hivyo, kazi yake ni ibada. Akisahau, anaanza kuidai dunia kama mali yake.

Biblia yenyewe inatuonyesha njia hizo mbili karibu karibu. Katika sura ya 31 ya kitabu cha Kutoka, Mungu anamjaza Bezaleli roho yake ili awe stadi wa kazi za dhahabu, fedha, shaba, mawe na mbao. Sura inayofuata, watu wanavua pete za dhahabu masikioni mwao, na Haruni anawatengenezea ndama. Katika sura ya 35 watu walewale wanaleta pete zao tena, safari hii kwa ajili ya Hema la Bwana. Watu ni walewale na dhahabu ni ileile. Kilichobadilika ni anayetolewa hiyo dhahabu.

6. Celebrimbor anafungua mkono

Sauron alipoivaa Pete Moja kwa mara ya kwanza, masonara walimtambua mara moja, wakazivua pete zao. Celebrimbor alielewa kwamba miaka yote ile alikuwa akijenga nyumba ya adui yake. Angeweza kujitetea, au kuzitumia pete zake kupigana. Badala yake alifanya jambo gumu kuliko yote kwa fundi: kazi bora ya maisha yake aliitoa, akaitawanya mbali na Eregion, ifichwe bila kutumiwa.

Sauron alikuja na jeshi. Mwaka 1697 Eregion iliharibiwa, na Celebrimbor alikamatwa na kuteswa. Habari za Pete Tatu hakuzisema hata kidogo. Alikufa na siri hiyo. Ni siri tofauti na ile ya Sauron: Sauron alificha ili atawale, Celebrimbor alinyamaza ili wengine waokolewe. Sisi tunaojiandaa kuwa mapadre, ambao siku moja, Mungu akijalia, tutakaa kitubioni, tunaiona tofauti hiyo kuwa kubwa sana.

Pete hizo Tatu baadaye zilitunzwa na wenye hekima na kutumika kwa kuponya na kutia moyo. Pete Moja ilipoharibiwa, nazo zilipoteza uwezo wao, na wenye kuzivaa walikubali. Tolkien aliiweka siku ya kuharibiwa kwake kuwa tarehe 25 Machi. Kwetu hiyo ni Sherehe ya Bikira Maria Kupashwa Habari, siku ambayo binti wa Nazareti alifungua mkono wake akasema ndiyo.

7. Funzo kwetu

Kwanza, kwa sisi mafrateri. Falsafa nayo ina ufundi wake. Tunajifunza kujenga hoja, kubomoa hoja, kutofautisha maneno. Mtu anaweza kupata alama za juu katika somo la maadili na bado akashindwa kumwomba mwenzake msamaha bwenini. Tukijipima kwa ustadi wetu peke yake tumekuwa masonara wa Eregion. Wajumbe wa Lindon kwetu ni mlezi wa kiroho, gombera, na ndugu anayethubutu kutuambia ukweli. Tukiwakwepa, hatuwezi kusema baadaye kwamba hatukuonywa.

Pili, kwa mafundi wa parokia zetu: mafundi cherehani, waashi, wachomeleaji, mafundi simu, na vijana wanaoandika programu za kompyuta. Kazi yenu ni njema mbele za Mungu. Msiuonee aibu ustadi wenu wala kuupenda. Ila ulizeni mara kwa mara: ujuzi huu nimeupata kwa nani, unamtumikia nani, na je, naweza kuuachilia? Fundi anayemfundisha kijana mwingine kazi bila kumficha amekwisha kuanza kutoa.

Tatu, kwa sisi sote tunaopita kila siku mbele ya vibao vinavyotangaza pete za bahati, za mvuto wa biashara, za kumrudisha mpenzi. Anayeziendea mara nyingi si mtu mbaya. Ni mama mwenye duka linalodorora, ni kijana aliyekosa kazi muda mrefu. Anatamani jambo jema, kama Waelfi walivyotamani. Lakini Bwana wa Zawadi hatoi bure. Kanisa linatukataza mambo hayo kwa sababu Mungu anataka mikono yetu ibaki huru, na kidole kikishavishwa pete ya namna hiyo, mkono mzima unafuata.

Basi, kwa vijana waliotuuliza swali: ndiyo, mnaweza kuzitazama sinema hizo, na afadhali zaidi msome vitabu, kwa sababu sinema zimebadilisha mambo mengi. Mtakuta humo pete yenye nguvu kuliko zote. Angalieni mwandishi anavyotaka ifanyiwe nini: isivaliwe, irudishwe motoni.

Maswali ya kujitafakari na kushirikishana katika Jumuiya

1. Mungu amenipa ujuzi gani, na nimemfundisha nani?
2. Ni onyo gani nililolipuuza kwa sababu nilikitamani sana kile nilichoahidiwa?
3. Kama Aulë, ni kazi ipi ninayopaswa kumkabidhi Mungu leo, hata kama ni nzuri?

Mtakatifu Yosefu, fundi wa Nazareti, utuombee.